Muziki wa Dirisha Namba Mbili

Jumamosi moja kabla ya chai, dada alikuwa sebuleni anapiga pasi sare zake za zahanati. Mdogo wake, ambaye mtaa mzima ulimwita Kinanda, alikuwa amekaa mezani amempa mgongo, anaitazama dakika ya kumi na mbili ya filamu kwa mara ya arobaini. Katika dakika hiyo mama mmoja anatoka nje na beseni, anamwaga maji, anasimama. Basi. Hasemi kitu. Mwongozaji wa filamu alikuwa ameandika pembeni mwa muswada kwa kalamu nyekundu: "Hapa muziki useme anachoshindwa kusema yeye." Kinanda alikuwa na wiki tatu anajaribu kukisema, na kila alichokipiga kilisikika kama tangazo la sabuni.

Nyuma yake dada alikuwa anaimba. Tuseme anaimba, kwa kukosa neno, maana midomo ilikuwa imefumbwa na sauti inapita puani. Ilipanda, ikakaa kidogo huko juu kama mtu anayetafuta funguo, halafu ikashuka polepole. Alikuwa hivyo tangu utotoni. Hakuwahi kurudia wimbo, na ukimuuliza ule wa jana ulikuwaje, anakuuliza wewe, "Upi?"

Kinanda alichukua simu, akaiweka ukingoni mwa meza, akarekodi. Hakufanya kwa ubaya. Watunzi wa muziki wa filamu wana desturi yao: mahali ambapo muziki haujapatikana, wanaweka kitu chochote cha kushikilia nafasi, kama mtu anavyoweka mkoba kwenye kiti mpaka mwenye kiti afike. Akaiweka sauti ya dada chini ya mama wa beseni, akaituma kwa mwongozaji, na chini yake akaandika, "Inashika nafasi tu. Yenyewe inakuja."

Baada ya saa moja mwongozaji alipiga simu. Alikuwa analia.

"Kinanda, usiguse. Usiguse kitu chochote. Umeitoa wapi hii?"

Hapo palikuwa na nafasi ya kusema, na wala haikuwa fupi, yapata sekunde nne. Dada alikuwa hatua mbili nyuma yake, ananyoosha kola.

"Imenijia tu asubuhi," alisema Kinanda.

Na kweli ilimjia. Ilimjia kwa nyuma.

Filamu ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Jumanne, saa nne asubuhi, katika ukumbi wa chuo, mbele ya watu thelathini na mmoja, wawili kati yao wakiwa wamekosea mlango. Saa nne na dakika kumi na mbili dada alikuwa kwenye dirisha namba mbili la mapokezi ya zahanati. Kazi yake ilikuwa kuita wagonjwa kwa majina yao, na alikuwa ameshavuta pumzi amwite mzee mmoja wa kifua. Badala ya jina ukatoka ule wimbo wa Jumamosi, mzima, pamoja na pasi inavyopumua mvuke, na katikati yake kikohozi cha mama yao akiwa jikoni. Uliisha baada ya dakika moja na sekunde ishirini. Mzee wa kifua akajua ni yeye, akainuka, akaenda chumba cha daktari.

"Leo kuna kitu kimenitoka kazini," alisema dada alipofika nyumbani.

"Nimeshaambiwa," alisema mama. "Jirani alikuwa foleni. Kasema kanisikia nakohoa huko. Mimi nilikuwa hapa nachambua mchele. Kikohozi changu kimepanda gari gani?"

Kinanda alitazama sahani yake. Hakumaliza kula, na mama akampokonya ile sahani kwa sababu hakupenda chakula kilale.

Filamu ya pili ilikuwa na pengo dakika ya ishirini na saba, ya tatu ilikuwa na mapengo matano. Kila Jumamosi simu iliwekwa ukingoni mwa meza. Katika miaka sita Kinanda aliweka muziki kwenye filamu saba, zote za watu waliouza pikipiki zao ili wazitengeneze, na wakosoaji wakaanza kumwandika. Mmoja alisema ni mtu anayejua kusikiliza ukimya. Mwingine alisema kwamba sauti yake ina kitu cha nyumbani ambacho hakielezeki. Kilikuwa kinaelezeka vizuri tu, lakini aliyeulizwa hakuwa aliyekuwa nacho.

Uzuri wa filamu za namna hiyo ni kwamba haziangaliwi sana. Zilionyeshwa katika kumbi za vyuo, katika vyumba vyenye viti vya plastiki, na mara moja kwenye ukuta wa bohari mpaka mvua ikanyesha. Kwa hiyo miaka ya mwanzo dada alipoteza mdomo wake labda mara mbili kwa mwezi. Lakini msimu wa matamasha ulipofika, filamu mbili zilichezwa kwa wakati mmoja katika miji miwili, na sauti mbili zikatoka kwake kwa pamoja, moja juu ya nyingine, na pasi mbili, na mama wawili wakikohoa. Siku hiyo wagonjwa walinyamaza wote. Mama mmoja aliyeleta mtoto wa chanjo alisema kwamba ameona mapokezi mengi, ila haya yana adabu.

Kinanda alijua. Dhamiri ilimsuta vizuri, kwa utaratibu, kila Jumapili asubuhi. Akamletea dada asali kwa ajili ya koo. Akamletea pasi mpya, halafu akairudisha dukani, kwa sababu haikupumua kama ile ya zamani.

Mwishowe akaenda kwa fundi sauti, mtu mnene mwenye nywele masikioni, ambaye ndiye aliyechanganya sauti za filamu zote saba.

"Nina rafiki yangu ana shida," alianza Kinanda, akamweleza.

Fundi sauti hakuinua kichwa kutoka kwenye mitambo yake.

"Mbona hiyo kawaida. Sauti ina mwenyewe, mwisho wa filamu limeandikwa jina la mtu mwingine. Sasa unataka iende wapi? Kila ikichezwa inarudi kwao. Palikuwa na mpiga ngoma mmoja, tumbo lilimlia ngoma miaka miwili, hata msibani."

"Ikawaje?"

"Wakamwandika. Tumbo likatulia siku hiyo hiyo, akala."

"Anaandikwaje?"

"Kwa herufi, kaka, kwani wewe umesomea wapi? Mstari mmoja. Nakubandikia hapa hapa, hata chai haijapoa." Akapuliza vumbi kwenye kitufe. "Na umsalimie huyo rafiki yako. Nasikia mmefanana mpaka viatu."

Kinanda alitoka pale akiwa na nia safi. Njiani aliandika mstari ule kwenye kikaratasi, akakikunja, akakitia katika mfuko wa shati. Jioni ile ile mwongozaji wa filamu ya saba, yule yule wa mama wa beseni, akamtumia kijitabu cha tamasha kubwa lililokuwa linakuja. Ukurasa wa tisa ulikuwa na picha yake, amegusa kidevu, na chini yake maneno: "Hutunga peke yake, alfajiri, bila kusikia sauti ya binadamu yeyote." Akausoma ukurasa ule mara tatu. Akafikiria kwamba mstari mmoja ungezua swali kuhusu filamu ya saba, na swali hilo lingekwenda kugonga mlango wa ya sita, na ya tano, mpaka kwa mama wa beseni. Kikaratasi kikabaki mfukoni. Shati lilipofuliwa alikihamishia kwenye shati lingine. Hakukitupa hata siku moja, na hilo alilihesabu kuwa ni jambo.

Kule zahanati, mambo yakaharibika kwa njia ya kawaida. Wagonjwa walikuwa wamezoea kubahatisha nani ameitwa, na kwa siku nyingi walibahatisha sawasawa. Lakini asubuhi moja yenye watu wengi waliinuka wawili, na mtu aliyekuja kung'oa jino akafungwa bendeji mguuni, akashukuru, akaenda zake. Aliyeumia mguu akapoteza jino lililokuwa zima. Huyu hakushukuru. Aliandika barua.

Mganga mkuu akamwita dada kwenye kikao, Alhamisi saa nne asubuhi. Barua ya wito ilisema kwamba mtumishi wa dirisha la mapokezi atatakiwa ajieleze kwa mdomo wake mwenyewe, kwa kuwa dirisha ni kazi ya mdomo. Asipojieleza, atahamishiwa stoo ya mafaili, chini, ambako hakuna wa kuitwa.

Dada alikuwa amekaa dirishani pale miaka kumi na moja. Alijua kuita. Wengine huita jina kama wanalitupa jaa. Yeye alilishika, akalifuta vumbi, akampa mwenyewe, na mgonjwa akainuka amepata nafuu robo kabla hajamwona daktari. Kulikuwa na kikongwe mmoja aliyekuja kila Jumatatu akiwa haumwi chochote, ili aitwe tu.

Jumanne dada alisimama mlangoni kwa Kinanda akiwa na ile barua. Hakuwahi kumuuliza kinachomtokea. Alikuwa ameshajua tangu filamu ya pili, maana alisikia wimbo wake ukimtoka, na waliokuwa sebuleni wakati ule wa pasi walikuwa wawili tu, na mmoja ni yeye.

"Kinanda."

"Naam, dada."

"Alhamisi saa nne nina kikao. Nautaka mdomo wangu."

"Nitaangalia ratiba ya tamasha."

"Usiangalie. Mimi nimekubeba mgongoni, sasa hivi nakuomba nusu saa. Nusu saa moja isiyo na sinema. Nikishasema yangu, chukua siku nzima."

"Nitaongea nao, dada. Naapa kwa Mungu."

"Apa kwa sauti yako," alisema mama kutoka jikoni. "Hiyo ya Mungu nayo utaitia kwenye sinema."

Dada alicheka. Alikuwa na kicheko kizuri, na Kinanda akajikuta anatazama simu ilipo. Alijionea aibu, akaigeuza ikalala kifudifudi.

Filamu ya saba ilipangiwa majaji Alhamisi, saa nne kamili. Kinanda akamwendea mwongozaji, akamkuta anapiga pasi suruali yake mwenyewe kwa ajili ya siku hiyo.

"Haiwezekani ikasogezwa saa sita?" aliuliza.

"Kwa nini?"

Palikuwa tena na ile nafasi. Safari hii ilikuwa ndefu zaidi, maana mwongozaji alikuwa na mkunjo mkaidi na hakuwa na haraka.

"Basi tu. Mwanga."

"Mwanga wa wapi? Ukumbi umezibwa madirisha."

"Nimeuliza tu."

"Kinanda, sikia. Wanakuja kwa ajili yako. Tuzo ya muziki, nimenong'onezwa. Miaka sita tunaonyesha filamu kwa watu waliokosea mlango. Usiniletee habari za mwanga."

Alhamisi alifika mapema, amevaa shati jeupe, kikaratasi mfukoni. Hakwenda ukumbini. Alipanda ngazi kwenda kile chumba kidogo cha nyuma ambako mashine inarusha picha. Fundi sauti alikuwa ameketi mbele ya mashine na kikombe chake.

"Umeleta mstari?"

"Ninao."

"Lete. Majaji bado wanagombania viti vya kati. Naubandika sasa hivi, na mwenyewe anakuwa na mdomo wake kabla taa hazijazimwa."

Kinanda alikitoa kikaratasi, akakikunjua. Kiliandikwa: "Muziki: dada yangu, dirisha namba mbili." Kilikuwa kimechakaa kwenye mikunjo kwa kuhamishwa mashati. Chini ukumbini, kupitia kitundu cha mashine, aliona vichwa vya majaji, na mwongozaji amesimama pembeni na suruali yake iliyonyooka, anamtafuta kwa macho.

"Baada ya tuzo," alisema.

"Haya," alisema fundi sauti. Akazima taa.

Kinanda akashuka, akaketi safu ya tatu. Alijua kila pengo lilipo. Dakika ya tisa wimbo wa kwanza ulianza, wa dakika nne, ule aliourekodi siku dada alipokuwa na furaha ya sababu isiyojulikana. Akafunga macho. Sasa wamemkalisha, alifikiri. Sasa wamemsomea barua. Sasa mganga mkuu amevua miwani, amemwambia, haya dada, tunakusikiliza.

Kumbukumbu za kikao, ambazo zipo mpaka leo, ziliandikwa na karani mwangalifu:

"Swali la kwanza: Mtumishi aeleze kilichotokea siku ya jino. Jibu: Muziki, dakika nne. Pasi.

"Swali la pili: Je, mtumishi anakiri kwamba hakuita jina? Jibu: Muziki, dakika mbili na nusu. Kikohozi cha mzazi.

"Swali la tatu: Je, ana la kuongeza? Jibu: Mtumishi alisubiri. Muziki ulikoma. Mtumishi alisema, 'Mimi naomba,' kisha muziki ukaendelea.

"Mjumbe mmoja alifuta machozi, akaomba iandikwe kwamba machozi hayahusiani na uamuzi. Imeandikwa. Kikao kimeamua mtumishi ahamie stoo ya mafaili kuanzia leo, kwa kuwa hakujieleza."

Ukumbini, jaji mwenye mvi alimwinamia Kinanda na kumnong'oneza. "Hapa inasikika kama mtu anaomba kitu."

"Ndiyo," alisema Kinanda. "Ndivyo ilivyo."

"Umewezaje?"

Akasema ni mazoezi.

Tuzo ilitolewa saa nane mchana. Ilikuwa kipande cha mbao chenye sikio la shaba, zito kuliko lilivyoonekana. Walimpa kipaza sauti, na watu mia mbili wakanyamaza kumsubiri, kimya kizuri, kisafi, ambacho mtu angeweza kuweka ndani yake neno lolote. Kikaratasi kilimgusa kifuani. Akafungua mdomo.

"Naishukuru familia yangu," alisema, "kwa utulivu wao."

Wakapiga makofi. Mwongozaji alimkumbatia mpaka shati likajikunja. Alipoinua macho nyuma ya ukumbi, fundi sauti alikuwa anazungusha nyaya zake, na hakumtazama.

Kwa kuwa ilishinda, filamu ilirudiwa saa kumi kwa watu wote, na kesho yake, na kesho kutwa. Baada ya hapo ikachukuliwa na kumbi nyingi, mpaka zile zenye viti vya kitambaa. Kinanda aliandika ratiba ya wiki nzima kwa mwandiko mzuri, akampelekea dada, na dada akaibandika kwenye mlango wa kabati lake, kwa sababu lilikuwa jambo la msaada. Sasa alijua kwamba Jumatano ana mdomo kuanzia saa tatu mpaka saa tano kasoro robo, na Ijumaa hana kabisa. Mama alikuwa anamwekea umbea wote mpaka Jumatano. Akiulizwa na majirani binti yake hajambo, alisema hajambo, yuko Paris na miji mingine miwili, anarudi saa kumi na moja.

Kule chini stoo, mafaili hayakulalamika. Yule kikongwe wa Jumatatu alikuja mara mbili, akaitwa na binti mpya wa dirishani, akasema ahsante, hakuja tena.

Kinanda hakuweza kukaa sebuleni na dada bila kushika kitu mkononi. Alimbebea mizigo asiyoiomba. Alimwamkia mara mbili asubuhi moja. Siku moja alimwita, "Dada," akiwa amekusudia kabisa kusema, na dada akamgeukia akamtazama, akisubiri, ila kwa wakati ule filamu ilikuwa inaanza mahali fulani, na wote wawili wakasimama pale wakiusikiliza wimbo mpaka ukaisha. Ulipoisha alisahau alivyotaka kuanza.

Jioni moja ya mwezi uliofuata, Kinanda akiwa katikati ya kazi ya filamu ya nane, dada aliingia chumbani kwake. Sare yake ya stoo ilikuwa na vumbi la karatasi kwenye mikono. Kulingana na ratiba alikuwa hana mdomo mpaka saa mbili kasoro robo. Alisimama nyuma ya kiti chake, akatazama picha, akasikiliza. Kisha akachukua penseli iliyokuwa mezani, akaandika kwenye pembe ya daftari la Kinanda, kwa ule mwandiko wake wa kuandika majina ya watu: "Hii ya dakika ya hamsini umeikata mapema. Ilikuwa bado inashuka."

Akaweka penseli, akatoka, akafunga mlango taratibu.

Kinanda akairudisha nyuma, akasikiliza. Dada alikuwa sahihi. Sauti ilikuwa imekatwa ikiwa bado juu, kama mtu aliyefungiwa mlango akiwa na mguu mmoja ndani. Aliiachia sekunde sita zaidi, ikashuka yenyewe, ikatua, na kitu fulani katika uso wa yule mwigizaji kwenye picha kikaeleweka. Machozi yalimtoka. Akayafuta, akaituma.

Mwongozaji alipiga simu kabla ya saa kuisha.

"Umeongeza sekunde sita tu?" aliuliza. "Sita? Kinanda, wewe sasa umefika. Nani amekwambia zile sekunde zinahitajika?"

"Nimezisikia," alisema Kinanda.

Filamu ya nane ilikamilika mwisho wa mwezi. Jina la mtunzi wa muziki, la Kinanda peke yake, limeandikwa kwa herufi nyeupe kwenye weusi, na linakaa hapo sekunde nne kabla ya kupotea, muda unaotosha kusoma majina mawili.